Ukurasa wa Shukrani

Miaka minne niliyokaa kwa shangazi yangu Sparkbrook, mtaa wa Birmingham, watu wetu walinijua kwa jambo moja tu: mimi ndiye yule msichana anayesoma Wajapani. Hawakuelewa, na siwalaumu. Mtoto katoka Unguja, kaja Uingereza, halafu anasoma habari za Japani? Mzee mmoja alimwuliza shangazi nje ya msikiti kama nilikosa nafasi kwenye darasa la Waingereza. Shangazi akamjibu kwamba nasomea kompyuta, kwa sababu kichwani mwake kompyuta na Japani vilikuwa kitu kimoja, na jibu hilo likawatosha watu wote mpaka nilipomaliza.

Sikuwa nasomea kompyuta. Nilikuwa nasoma habari za watu ambao Japani haipendi kuwataja. Nchi ile imejijengea sifa kwamba wao ni watu wamoja, damu moja, na anayeitazama kwa mbali huamini. Ukikaa na vitabu ndipo unapowakuta Waainu wa kaskazini, watu wa visiwa vya Okinawa, na Wakorea waliozaliwa huko vizazi vitatu na bado wanahesabiwa wageni. Halafu unawakuta wengine ambao hawana tofauti yoyote na jirani zao, si sura, si lugha, si dini. Hao ndio niliowachagua. Kwa Kijapani huitwa kwa neno ambalo maana yake si zaidi ya watu wa kitongoji. Mababu zao walikuwa wachinjaji na wachuna ngozi, kazi zilizohesabiwa najisi, wakatengwa wakae mahali pao. Serikali iliwatangaza sawa na wengine tangu karne ya kumi na tisa, na tangazo likabaki tangazo. Hata karibu na miaka yangu ya chuo zilikuwapo familia ambazo kabla ya kuoza humtuma mpelelezi akaulize bibi wa mchumba alizaliwa kitongoji gani. Watu hawa hawana alama mwilini. Alama yao ni anwani.

Nilipolisoma hilo mara ya kwanza nilicheka peke yangu maktabani, kicheko kibaya, kwa sababu mpelelezi wa namna hiyo nilikuwa nakaa naye nyumba moja.

Shangazi alikuwa na simu ukumbini na kadi za kupigia nje, zile za kukwaruza, amezifunga kwa mpira. Posa ikiletwa kwa Mzanzibari yeyote wa Birmingham, mama wa binti atapanda basi aje kwetu, atakunywa chai, kisha atasema, "Hebu tuulizie, mwenzangu." Shangazi atakwaruza kadi, atapiga Unguja, atapiga Pemba, atapiga Muscat. Juma halijesha ataijua nyumba aliyozaliwa babu wa kijana, na kama katika nyumba ile alikuwa mwana au mzalia. Mzalia ni mtoto wa mtumwa aliyezaliwa nyumbani kwa bwana wake. Utumwa wenyewe umekwisha zamani, hakuna aliye hai aliyeuona, lakini shangazi angeweza kukunja uso na kusema, "Kijana mzuri, ana adabu, anasali. Ila kwao hakujulikani." Basi. Kijana mmoja wa mtaa wa Ladywood aliambiwa hivyo hivyo kwa mzunguko, kwamba binti bado anasoma, na binti mwenyewe aliacha chuo mwaka ule ule.

Siku moja nilimwuliza, "Shangazi, na sisi je? Kwetu kunajulikana?"

Alikuwa anakata bamia. Hakuinua macho. "Sisi hatuulizwi, mwanangu. Sisi ndo tunaouliza."

Nikalikimbilia daftari langu nikayaandika maneno yale. Niliyaona mazuri sana, yanafaa kufungulia sura. Sikuandika lile lingine nililolijua. Baba yangu aliwahi kunieleza, mara moja tu, nikiwa na miaka kumi na sita, kwamba bibi yake alikuwa mzalia katika nyumba moja ya shamba, na kwamba ukoo tunaojinasibisha nao ulikuwa wa bwana wake. Kijiji akakitaja kwa sauti ya chini ingawa tulikuwa peke yetu. Akaniambia pia nisimjulishe shangazi kwamba ninajua. Msimamizi wangu chuoni, Mwingereza mwembamba mwenye tabia ya kunusa chai kabla ya kuinywa, alinitaka niandike mwanzoni mwa tasnifu kurasa mbili za kujieleza mimi ni nani na kwa nini jambo hili linanihusu. Niliandika kwamba natoka Zanzibar, katika familia ya kawaida ya mjini. Nyani haoni kundule, lakini mimi nililiona, nikalikalia.

Kuna jambo jingine la shangazi nilieleze sasa, maana ndilo lililonifikisha nilipofika. Kwetu, arusi au khitma haimaliziki bila mtu kushika kipaza sauti na kushukuru, na kushukuru kwenyewe ni kwa majina. Bi fulani kapika biriani, bi fulani kaleta sahani, bi fulani kashona. Ukisema "nawashukuru nyote" umemaanisha hakuna aliyefanya kitu. Shangazi alipika pilau ya watu mia mbili katika ukumbi mmoja wa Stratford Road, na aliyeshika kipaza sauti akaliruka jina lake. Miaka sita alikuwa hamwamkii mama wa bwana arusi. Wakikutana Ladypool Road, mmoja anavuka barabara. Mimi nilimcheka kwa hilo, na yeye akanijibu kwa yale ambayo kila mtoto wa Kiislamu ameyasikia, kwamba asiyewashukuru watu hamshukuru Mungu.

Mama wa Saltley nilimpata kwa karatasi iliyobandikwa ubaoni maktabani: mwalimu wa Kijapani, nyumbani, mchana. Nyumba yake ilikuwa katika ule mstari wa nyumba zilizoungana, dakika chache kutoka maduka ya Alum Rock Road. Alikuwa mwanamke wa miaka sitini hivi, mfupi, mjane wa Mwingereza. Alikuwa na binti mmoja aliyekwisha jitegemea. Jina lake sitalitaja hapa, na msomaji ataona kwa nini. Nilimwita Mama kwa sababu mwanamke wa umri ule sijui kumwita vingine, naye alicheka mara ya kwanza, mara ya pili akaitika.

Chumba chake cha nyuma kilinuka ngozi na nta. Alikuwa akishona hatamu na mikanda ya farasi kwa ajili ya karakana moja ya Walsall, mji wa jirani wenye mafundi wa matandiko ya farasi. Alinifundisha huku anashona. Mkono mmoja umeshika msharasi, anatoboa, anapitisha uzi, anauliza kitenzi, anatoboa. Makosa yangu hakuyasema. Alisimamisha mkono tu. Baada ya somo tulikula. Niligundua kwamba mchuzi wake hutengenezwa kwa visamaki vikavu ambavyo ni dagaa kabisa, nikamletea dagaa wetu kutoka dukani Sparkbrook, akawanusa, akawakata vichwa mmoja mmoja, akapika. Tulikula kimya kama watu wa nyumba moja. Sikuwa na furaha nyingi katika mji ule, na nyingi ya niliyokuwa nayo niliipata kwenye meza ile.

Mwaka mzima na nusu nilimwambia nasoma historia ya Japani tu. Niliona haya kumtajia mada yenyewe, na niliogopa asije akawa mmoja wa wale wasemao watu hao hawapo. Kisha siku moja karatasi zangu zilianguka kwenye mfuko, na ile ya juu ilikuwa na lile neno la watu wa kitongoji kwa herufi kubwa.

Aliuweka msharasi chini. Akasimama, akavuta pazia, ingawa ilikuwa saa saba mchana na dirisha lilitazama ukuta. Akaketi tena.

"Unataka kujua nini?" akaniuliza.

Akanieleza kwa muda wa miezi mitatu, kila Alhamisi kidogo. Alizaliwa kando ya mto ambamo ngozi hulowekwa, kitongoji ambacho dereva wa teksi hupunguza sauti akikitaja. Dada yake mkubwa alipochumbiwa, ulikuja mtaani mwanamume wa kuuza miavuli, akauliza watu njia, akauliza nyumba hii ya nani, na ile ya nani, na wamekaa hapa tangu lini. Hakuuza mwavuli hata mmoja. Posa ikarudishwa kwa barua ya adabu nyingi. Dada hakuolewa tena, alikaa chumba cha nyuma akishona mpaka alipokufa. Yeye mdogo alikimbilia mji mkubwa, akaajiriwa dukani, akakutana na Mwingereza mwalimu wa lugha.

"Alikuwa mwanamume wa kwanza kuniuliza kwetu wapi, nikamjibu, na jibu lisimwambie kitu," alisema. "Nikaolewa naye kwa hilo."

Akavuka dunia nzima ili asiguse ngozi tena. Mume alipougua na nyumba ikahitaji mkono wa pili, kazi pekee iliyokuwa mikononi mwake ilikuwa ile.

Sharti lake lilikuwa moja. Binti yake hakujua lolote. Alijua mama ametoka karibu na Osaka, basi. Na binti huyo alikuwa amechumbiwa na kijana wa Kijapani, mhandisi katika kiwanda cha vipuri vya magari nje ya mji, na familia ya kijana ilikuwa Japani, na arusi ingefungwa baada ya mwaka. "Andika yote," aliniambia. "Nimechoka kulibeba peke yangu. Lakini jina langu lisiwemo, wala la mto. Asiweze mtu kunifikia kutoka hapo." Nilimpa mkono. Nilimwapia kwa Mungu wangu, yeye akainamisha kichwa.

Na kweli, ndani ya sura ya nne nilitimiza. Msimamizi wangu na mimi tulifuta jina, mto, umri, muuza miavuli tukamgeuza mkusanya kodi. Tulibakiza kwamba ni mjane aliyeolewa na Mwingereza, anaishi katika mji wa Uingereza, na anashona ngozi. Nilimwambia msimamizi nafikiri na hilo la ngozi litoke. Akanusa chai yake akasema hapo ndipo palipo uzito wa sura yote, mtu kukimbia ngozi na kurudi kwenye ngozi. Aliniambia nilichotaka kuambiwa. Nikaliacha.

Shukrani niliziandika mwisho kabisa, asubuhi moja, mezani kwa shangazi, na kwa kuwa yeye alikuwa wa kwanza kutajwa baada ya wazazi nilimsomea kwa Kiswahili. Alisikiliza kidole kikiwa shavuni kama anayeonja mchuzi. Nilipofika mwisho akasema:

"Na yule Mjapani wako?"

"Nimesema hapo, Shangazi. Nawashukuru wote walionipa habari zao, ambao siwezi kuwataja."

"Wote!" Akaruka kama nimemmwagia maji ya moto. "Wee! Umemlia wali wake miaka mitatu, mtu wa watu, leo unamwambia 'wote'? Hivyo hivyo ndivyo walivyonifanya mie pale hall. Mtaje mtu."

"Siwezi, Shangazi. Kuna mambo."

"Mambo gani? Si teacher wako? Mtaje kama teacher, basi. Nani atauliza teacher?"

Sikuweza kumweleza bila kuivunja siri, na shangazi ndiye mtu wa mwisho Birmingham nzima ambaye ungempa siri ya kwao mtu. Halafu nikalifikiria, nikaona ana haki. Mwalimu ni mtu mmoja, mwanamke wa sura ya nne ni mtu mwingine, na baina yao nimejenga ukuta. Nikaandika jina lake kamili, na Saltley. Nikaandika kwamba amenifundisha Kijapani na kunilisha. Ningeishia hapo. Lakini nilimpenda, na nilitaka ajue nimeona, kwa hiyo nikaongeza mstari mmoja: kwamba kwa kutazama mikono yake ikishona ngozi nimejifunza subira.

Sikumwuliza. Nilitaka iwe zawadi ya kushtukiza.

Nilimpelekea nakala yake Jumapili, jalada gumu la buluu, maandishi ya dhahabu, pamoja na mkate wa kumimina wa shangazi. Sikujua kama binti na mchumba wake watakuwapo. Walikuwapo, wanakunywa chai. Mama akafungua kitabu, nikamwelekeza ukurasa, akausoma kwa kidole. Akafika mwisho. Akakifunga, akainamisha kichwa, akasema asante.

Binti akakinyakua. "Mama, umo kwenye kitabu!" Akasoma mstari ule wote kwa sauti, akaurudia, akamkumbatia mama yake kwa nyuma. Yule kijana akakipokea kwa mikono miwili, kama wanavyopokea wao kitu cha heshima, akaniuliza kinahusu nini hasa. Nikamjibu, historia. Akaomba kuazima.

Mama akanitazama. Nilimrudishia tabasamu. Nikasema mkate ule uliwe siku hiyo hiyo kabla haujakauka.

Nilikuwa kwenye basi, tumekwisha pita daraja la reli, ndipo nilipouelewa ule mtazamo. Kumkatalia kijana kitabu mbele ya binti kungekuwa kueleza kila kitu. Alikuwa anangoja mimi nitafute neno, niseme nakala hii ina makosa, nitamletea nyingine, neno lolote.  Ningeweza kushuka na kurudi. Kituo kilikuwa pale pale. Nilijiambia hakuna mhandisi atakayesoma kurasa mia tatu za tasnifu. Nikakaa kitini mpaka Sparkbrook.

Wiki ya tano binti alibisha mlangoni kwetu. Shangazi alimkaribisha vizuri, akamletea juisi, akaenda jikoni na kuuacha mlango wazi kidogo kama desturi yake. Binti hakuketi. Alisema Kiingereza chake cha Birmingham, taratibu, kama mtu anayesoma karatasi.

Kijana alikuwa ameisoma sura ya nne kwa siku mbili. Mjane, mume Mwingereza, ngozi. Akarudi mbele akausoma ukurasa wa shukrani. Alimwambia binti kwamba yeye halimsumbui hata kidogo. Nasadiki alisema kweli. Lakini alimwuliza kaka yake kwa simu afanyeje, na kaka akawaambia wazazi, na wazazi wakatuma mtu. Ikaja barua. Bibi yao hali yake si nzuri, si wakati wa kufanya arusi. Kijana alilia sana, binti akasema, alilia kuliko yeye. Kisha akaomba kiwanda kimrudishe Japani.

"Nina miaka thelathini na moja," akaniambia. "Nimeyajua ya mama yangu kwenye ukurasa wa mia na arobaini wa kitabu chako."

Nikasema samahani. Nilisema mara nyingi, mpaka neno likawa halina kitu ndani.

"Wewe ulikuwa unakuja kula kwetu. Umekaa mezani nami unajua, na mimi sijui. Ulikuwa unanitazama ukifikiria nini?"

Nikamsogezea glasi ya juisi, kwa sababu jibu la kweli ni kwamba nilikuwa nikifikiria sura ya nne.

"Mama hajasema neno lolote juu yako," akasema. "Ningependa hata akutukane."

Alipoondoka shangazi akatoka jikoni na kitambaa mkononi. Alikuwa amesikia yote na macho yamemlowa kwa huruma, huruma ya kweli. "Washenzi gani hao?" akasema. "Mtoto mzuri kama yule, msomi, wanamkataa kwa sababu babu zake walichuna ng'ombe? Babu! Watu walokufa!"

"Shangazi," nikasema, "na yule kijana wa Ladywood?"

"Kijana gani?"

"Uliyesema kwao hakujulikani."

Akanitazama kwa mshangao, kama nimeanza kusema kichaa. "Aa, mwanangu. Lile jengine kabisa." Na akaenda kuosha glasi ya juisi ambayo mgeni hakuigusa. Siku ile nilikata tamaa, si juu yake, juu yangu. Yeye angalau hakuandika kurasa mia tatu za kulaani kazi anayoifanya.

Nilikwenda Saltley mara tatu. Mara zote alifungua mlango, akasimama kizingitini, akasema kwa upole ule ule wa siku zote, "Leo nina kazi." Hakuuliza hali yangu. Nilipomletea dagaa akawapokea kwa mikono miwili, na hilo liliniumiza kuliko kama angewatupa. Mara ya nne palikuwa na bango la nyumba ya kupangisha, na dirisha la mbele halina pazia. Jirani hakujua amehamia wapi. Wanasema asante ya punda ni mateke, lakini punda hupiga teke halafu akanyamaza. Mimi langu nililichapa na kulitia jalada.

Nikavishwa joho. Shangazi alipiga vigelegele katika ukumbi wa chuo mpaka Waingereza wakageuka, na yule mzee wa msikitini akaniomba nimtazamie kompyuta yake, imekuwa nzito. Msimamizi aliniambia sura ya nne ichapishwe peke yake. Nilimweleza yaliyotokea. Akasema anasikitika, na kwamba tukiandika barua ya kutaka tasnifu iondolewe tutawafanya watu waifungue zaidi. Huenda ni kweli. Kati ya makosa yangu yote, lile la kukubali haraka kila ushauri unaonipunguzia kazi ndilo ninalolichukia zaidi.

Mwaka mmoja baadaye, nilipopata kazi ya kufundisha Dar es Salaam na tiketi iko mezani, nilikwenda maktaba ya chuo na wembe. Niliufunga kwa karatasi, nikautia mfuko wa koti. Kijana wa Japani alikuwa amekwisha kwenda, arusi imekwisha vunjika, nakala ya Mama sijui iko wapi. Hakuna kitu ambacho ningekiokoa. Nilitaka tu jina lake lisikae pale kwenye rafu nikiwa nje ya nchi.

Tasnifu zilihifadhiwa nyuma ya kaunta, unaagiza. Ndani ya jalada hubandikwa karatasi ambayo kila msomaji huandika jina, anwani na tarehe, na kutia sahihi kwamba hatanakili bila idhini. Msichana wa kaunta akanipa kitabu na kalamu.

Palikuwa na msomaji mmoja tu kabla yangu. Jina lilikuwa kwa herufi za Kijapani, na ukoo wake haukuwa ule wa Mwingereza. Lilikuwa jina la kuzaliwa, ambalo alinitajia mara moja, pazia likiwa limefungwa. Tarehe ilikuwa ya majira ya baridi, miezi mitatu baada ya nyumba kupata bango. Na penye anwani, kwa mkono ule ule ulionifundisha kuandika, aliandika mkoa, mji, mto na kitongoji.

Nilifungua ukurasa wa shukrani. Haukuwapo. Ulikuwa umekatwa karibu kabisa na mshono, mkato mmoja ulionyooka toka juu hadi chini, usiotikisika popote, mkato wa mtu aliyekata ngozi maisha yake yote. Nikafungua sura ya nne. Ilikuwa nzima, kila ukurasa, hata doa hakuna. Maneno yake ameyaacha. Alichokiondoa ni asante yangu.

Nilisimama pale mpaka msichana wa kaunta akaniuliza kama nina tatizo. Nikasema hapana. Akanikumbusha kwamba sijajaza karatasi, na kanuni ni kujaza hata kama ukitazama dakika moja.

Nikaandika jina langu chini ya lake. Kisha nikafika penye anwani. Kile kijiji cha bibi yake baba ninakijua jina, na nyumba pia naijua, baba alinitajia. Msichana alikuwa ananisubiri. Nikaandika Sparkbrook, namba ya nyumba ya shangazi, nikatia sahihi, nikamrudishia kalamu yake.